Msituni Hatuitani kwa Jina

Nianze kwa kusema kwamba mimi si mtu wa kubabaika ovyo. Miaka ishirini na miwili nimetembeza wageni katika msitu huu wa Petén, kwa jua na kwa mvua, na sijawahi kumpoteza mgeni hata mmoja. Nimepoteza masufuria, nimepoteza nyumbu mmoja aliyeamua kurudi kwao peke yake, nimepoteza jino moja pale maporomoko ya kwanza. Mgeni, hata siku moja. Mpaka asubuhi ile ya siku ya tatu, pale kwenye magofu ya Ixnal, nilipofungua hema la mzee Gerbrand nimpelekee kahawa, nikakuta blanketi limekunjwa vizuri na mwenyewe hayumo.

Tulikuwa watu wanne tu. Mzee Gerbrand, Mholanzi wa miaka sabini na mmoja, mrefu kama mlingoti, dereva wa treni mstaafu. Binti yake Hiske, aliyekuwa mwaka wa pili akifundisha mjini Flores na Kihispania chake kilikuwa kimefika kiwango cha kuweza kugombana na mtu sokoni. Mimi Odilia Tesucún, kiongozi wa safari na mpishi pia, maana ushirika wetu wa San Casimiro unaona mwanamke akiongoza lazima apike vilevile. Na shemeji yangu Eligio, ndugu wa mume wangu, mwenye nyumbu wawili wa mizigo na maneno mengi.

Safari ni ya siku tano. Unaanza na maporomoko, unalala, unapanda kwenye magofu, unashuka kwenye maporomoko mengine, unalala, mpaka unatokea kwenye barabara ya malori ukiwa umechubuka miguu na una picha mia sita. Asubuhi ya kwanza, kabla hatujaingia msituni, nilisimama mbele ya nyumbu nikawapa wageni sharti letu, kama nilivyofundishwa na baba yangu aliyekuwa mgema utomvu wa chingamu. Nikasema: msituni hatuitani kwa jina. Msitu una Wenyewe, wadogo wadogo hivi, na wakilijua jina lako watalitumia kukuita mpaka wakupoteze. Ukimtaka mwenzako, piga ukelele mrefu mara mbili. Ukisikia jina lako linaitwa, usiitike, hata kama sauti ni ya mama yako mzazi. Vua kofia, acha kitu kitamu juu ya jiwe, geuka uondoke bila kutazama nyuma.

Nilisema kirefu, kwa mikono na kwa macho. Hiske akamgeukia baba yake akamwambia maneno matatu. Mzee akatikisa kichwa, akatabasamu. Nikadhani Kiholanzi ni lugha fupi.

Basi. Siku ya tatu, saa moja asubuhi, hema tupu.

"Atakuwa chooni," akasema Eligio.

"Nimetoka huko huko mimi. Hakuna mtu."

"Basi anapiga picha. Wazungu wakiona jiwe lenye ukungu hawasikii la mtu."

Nilikuwa bado sijashtuka. Ndipo Hiske akatoka hemani kwa baba yake ameshika kikebe cha dawa za mzee, uso umemwiva.

"Mama Odilia, amejidunga."

"Amejidunga nini?"

"Sindano yake ya kisukari. Akishajidunga lazima ale, nusu saa haipiti. Amekula?"

"Atakula nini, binti, na chapati za mahindi ndiyo kwanza naziweka motoni?"

"Basi sukari itamshuka mwilini. Ataanza kutetemeka, kisha akili itamruka, kisha ataanguka. Asipopata kitu kitamu hataamka." Aliyasema hayo haraka haraka, akimeza mate. "Peremende zake ziko wapi?"

Eligio akatazama chini. Peremende zote zililiwa na nyumbu jana yake, mfuko na karatasi zake. Kahawa ya mzee tulikuwa tunaipika chungu kwa ajili ya ugonjwa wake huohuo. Kitamu kilichobaki kambini kilikuwa kipande kimoja cha sukari guru, ukubwa wa ngumi ya mtoto. Hiske alikifunga kwenye kitambaa akanitia mkononi.

"Ukimpata, kabla ya neno lolote, mpe hiki."

"Nitampa."

Nilimwambia abaki kambini, apige filimbi mzee akirudi. Mimi na Eligio tukaenda kutafuta nyayo. Usiku mvua ilikuwa imenyesha, udongo ulikuwa laini, na viatu vya mzee vilikuwa vipya, soli zake na meno kama gunzi la mahindi. Nikasema moyoni, hii kazi ya dakika tano.

Tukazikuta kwenye njia ya kushuka mtoni, kwenye maporomoko ya chini. Nyayo safi, za asubuhi ile. Zote vidole vimeelekea kambini.

Nikashuka nazo hatua ishirini. Vidole kambini. Hatua arobaini. Vidole kambini. Nikapanda tena nikatafuta za kushuka, kushoto na kulia, kwenye majani, kwenye mizizi. Hakuna hata moja.

Sasa nisaidieni. Mtu kalala hemani kwake, binti kamsikia akikoroma mpaka alfajiri. Nyayo zinasema mtu huyo katoka mtoni kaja kambini. Hakuna zinazosema kaenda mtoni. Alifikaje huko, alibebwa? Na kama karudi kambini, mbona kambini hayupo? Nilisimama pale nimeshika kiuno, kichwa kinanizunguka kama aliyekunywa pombe bila kula. Mimi nasoma nyayo tangu sijaota meno ya ukubwani, nikaona kama nimesahau kusoma.

"Karudi," nikasema mwishowe. "Nyayo ndizo zinasema. Yuko huku huku juu, kwenye magofu."

Tukayazunguka magofu yote. Tukapiga ukelele mara mbili, tukanyamaza, tukapiga tena. Tukachungulia kwenye mashimo ya wezi wa vitu vya kale, tukapanda ule mnara ulioota miti kichwani, tukashuka. Nyani wakatujibu kwa kelele zao, mzee hakujibu. Saa nzima ikapotea hivyo. Kila tulipopita karibu na kambi Hiske alisimama, akatutazama mikono, akakaa tena.

Ndipo Eligio akanivuta kando ya ukuta.

"Shemeji, nikikuambia kitu utanitukana?"

"Inategemea kitu."

"Kuna nani mwenye nyayo za kurudi bila za kwenda?"

"Usianze."

"Wenyewe miguu yao inatazama nyuma. Baba yako mwenyewe alisema."

"Baba yangu alisema pia kwamba wewe ni mvivu, na hilo nimelihakikisha kwa macho. Hizo ni nyayo za kiatu, Eligio. Wenyewe wananunua viatu wapi?"

"Kama wamemchukua mzee, na viatu wamechukua."

Nilimcheka. Lakini nilimcheka kwa sauti kubwa kuliko ilivyohitajika, na yeye alijua. Hasira ikanipanda, si kwake, ila kwa ile njia ya matope iliyoniambia jambo lisilowezekana. Nikasema tunashuka mtoni, nyayo zitazame zinakotazama.

Pale chini mto unapita katikati ya majabali mawili, na maporomoko yanaanguka mwisho wa hilo korongo, meupe, na kelele zake unazisikia mpaka kifuani. Tulifika kwenye mawe ya kingo. Nyayo zikaishia kwenye jiwe. Nikainua mikono kinywani nipige ukelele.

"Odiliaaa."

Ilitoka juu ya mto. Nikageuka.

"Odiliaaa."

Hii ilitoka nyuma yetu, kwenye msitu tulikotoka. Halafu ikaja kutoka juu ya jabali, halafu kama vile imetoka chini ya maji. Sauti nyembamba, imetafunwa na maporomoko, si ya mume wala ya mke. Jina langu. Jina langu hasa, katikati ya msitu, mahali ambapo mtu aliyefundwa halitamki.

Sikilizeni, mimi ni mwanamke ninayejigamba kwamba siogopi kitu. Eligio alikuwa ameshavua kofia, ameibana kifuani, midomo inacheza. Nikavua yangu.

"Usiitike," akaninong'oneza.

"Nani kakuambia naitika?"

"Odiliaaa!"

"Wape kitu, shemeji. Wape kitu tuondoke."

Mfukoni mwa aproni nilikuwa na kitu kimoja tu. Mpaka leo sielewi mkono wangu ulifanya vipi. Akili yangu ilikuwa inasema hii ni ya mzee, hii ni ya mzee, na mkono ukafungua kitambaa, ukaliweka lile donge la sukari guru juu ya jiwe, taratibu, kwa adabu, kama mtu anayemwandalia mkwe. Kisha tukainamisha vichwa, tukageuka, tukapanda kilima bila kutazama nyuma. Sauti ikaita mara moja tena. Halafu ikanyamaza.

"Umeona?" akasema Eligio huku anahema. "Wamepokea."

Nilikuwa na furaha kwamba imenyamaza. Hilo nalisema kwa sababu ni kweli na kwa sababu linaniuma.

Hiske alikuwa amesimama mwanzo wa njia. Saa yake ilikuwa mkononi, ameivua, anaitazama kama inamdanganya.

"Hamkumwona."

"Bado."

"Hamkusikia kitu chochote?"

Nikamtazama Eligio, Eligio akayatazama mawingu. "Mtu hatukumsikia," nikasema. "Tumesikia Wenyewe. Tumerudi kwa sababu hiyo, tupitie njia nyingine."

"Wenyewe gani?"

"Wale niliowasimulia siku ya kwanza. Wameniita jina langu pale mtoni, mara nne, mara tano."

Rangi ilimtoka Hiske usoni polepole, mpaka midomoni.

"Waliita vipi?"

"Odilia. Waite vipi tena?"

"Mama Odilia," akasema, "mimi sikumwambia."

"Hukumwambia nani nini?"

"Baba. Lile sharti. Nilidhani ni mambo ya kuwafurahisha wageni, hadithi za kunogesha safari. Nilimwambia tu, tusipotee, tukae pamoja. Hajui kwamba mtu haitwi kwa jina. Yeye akitaka mtu anamwita jina lake. Angemwita nani huko mwingine?"

Nilimsikia, lakini maneno hayakuingia yote kwa pamoja. Yaliingia moja moja, kama wageni mlangoni.

"Nyayo," nikasema. "Nyayo zilikuwa zinarudi."

"Baba hashuki kilima akitazama mbele. Magoti yake yanamuuma. Hata ngazi za nyumbani anashuka kinyumenyume."

Na mimi nilikuwa nimemwona! Jana yake tu, kwenye mnara mdogo, alishuka kinyumenyume hatua kwa hatua, nikamcheka nikasema ngamia anashuka ghorofani. Ila mnara kila mtu anashuka hivyo, hata mimi, basi sikuunganisha. Miaka ishirini na miwili ya kusoma nyayo!

"Na sukari?" akauliza Hiske.

Alitazama aproni yangu, akaona mfuko ulivyolala bapa, na sidhani kama alielewa, lakini alianza kukimbia.

Tulikimbia wote watatu. Mtu wa miaka hamsini na minne hakimbii kilima kile, anadondoka nacho. Nilianguka mara mbili. Nyuma yangu Eligio alikuwa anasema, "Shemeji, na kama ni mtego? Mwacha mila ni mtumwa, shemeji," na mimi nikamwambia nikifika chini salama nitamfunga hiyo mila mdomoni. Lakini moyoni nilikuwa bado sijui. Nawaambieni ukweli. Nilikuwa nakimbilia sauti ambayo nusu yangu ilikuwa inaamini ni ya mzee anayekufa, na nusu nyingine inaamini ndivyo hasa wanavyokunasa, wanapitisha hata kwa binti wa watu maneno ya kukurudisha.

Mtoni palikuwa kimya. Yaani maporomoko yalikuwa yanaunguruma kama kawaida, lakini jina langu halikuwamo. Hiske akaita, "Papa! Papa!" na mwangwi ukamzungusha pande zote nne, asijue aelekee wapi. Akanigeukia.

"Mwite. Sauti yako ni kubwa kuliko yangu. Mwite!"

Nikainua mikono kinywani. Ukelele ulikuwa tayari kooni, ule wetu mrefu. Angeuelewaje? Kwake ungekuwa nyani mwingine.

"Gerbrand!" nikaita. Eligio akaziba masikio. "Gerbrand! Ni mimi Odilia! Odilia Tesucún!" Jina langu na la ukoo, nimeutangazia msitu mzima, kama nipo kwa karani naandikisha kitambulisho. "Gerbrand! Odilia nipo hapa!"

Hakuna kitu. Nikaita tena. Halafu Eligio, akiwa bado ameziba masikio kwa viganja, akanyoosha kiwiko. Ng'ambo ya maji, chini ya jabali lililotoka nje kama kibaraza, ndani ya kivuli, kulikuwa na kitu cheupe kinachopungia. Kilikuwa leso.

Mimi na Hiske tulivuka maji yakiwa kifuani. Mzee alikuwa amekaa ameegemea mwamba, mguu mmoja umevimba kwenye kifundo, shati limelowa jasho wakati kule kuna baridi. Macho yalikuwa wazi lakini hayakututambua. Alikuwa anazungumza na mtu ambaye hayupo, akimweleza jambo kwa subira. Leso ilikuwa inapunga yenyewe tu, mkono haujui kuacha.

"Sukari!" Hiske alilia. "Mama Odilia, sukari!"

Nikarudi majini. Jiwe lilikuwa palepale na donge lilikuwa palepale, jeusi kwa siafu. Nikalichukua. Sikuomba ruhusa kwa mtu wala kwa Mwenyewe yeyote. Nikavuka nimeliinua juu ya kichwa, siafu wananiuma mpaka kwapani, nikalipangusa kwenye sketi, nikavunja kwa meno, nikamtia mzee kipande kidogo kati ya shavu na ufizi. Hiske alimsugua koo. Kipande kingine. Siafu kadhaa alimeza, Mungu anisamehe.

Ilichukua robo saa. Mtetemeko ulipungua kwanza, kisha akaacha kuongea na yule mtu wake, kisha akamtazama Hiske akamuuliza kitu, na Hiske akacheka huku analia. Eligio alikuwa ng'ambo, amekaa juu ya jiwe, kofia magotini, hajui aishike au aivae.

Mzee akanywa maji. Akaniona. Akaanza kusema, polepole, akionyesha kwa kidole mahali pale ng'ambo tulipokuwa tumesimama saa ile, na uso wake ulikuwa na mshangao tu, haukuwa na hasira. Hiske alisikiliza bila kutafsiri.

"Anasemaje?"

"Amechoka. Tumwache apumzike."

"Binti, anasemaje?"

Hiske akafuta pua kwa kiganja. "Anasema alivuka apige picha ya maporomoko, akateleza, mguu ukagoma. Halafu aliwaona. Alikuwa anawaona vizuri, nyinyi mpo juani. Aliita, na nyinyi mkageuka. Mkavua kofia, mkainama. Akafikiri mnamsalimu. Akafikiri mmemwona, mmekwenda kutafuta kamba au mahali pa kuvukia. Ndiyo maana akaacha kuita. Alikuwa anatunza nguvu akiwasubiri."

Maji yalikuwa yanachuruzika kwenye nguo zangu, nikawa nasikia kila tone.

"Sasa anauliza," Hiske akasema, "kwa nini mlichelewa hivyo."

Kisha akanisogelea, akaongea chini chini ingawa baba yake hajui Kihispania zaidi ya kuomba chumvi. "Nitamwambia maji yalikuwa na kelele. Hamkusikia. Ni karibu na kweli, Mama Odilia. Kosa ni langu, mimi ndiye sikumwambia. Wewe hakuna haja."

Lilikuwa neno zuri. Lingeniokoa mbele ya ushirika, lingemwokoa yeye mbele ya baba yake, na mzee angerudi kwao na hadithi ya kusimulia. Nilitamani kulipokea. Nilifungua mdomo nilipokee.

"Mwambie nilimsikia," nikasema.

"Mama Odilia."

"Mwambie nilimsikia mara tano. Mwambie nilimwogopa. Na sukari yake mwambie niliiweka pale kwenye jiwe nikaondoka. Usinipunguzie kama ulivyonipunguzia siku ya kwanza."

Hiske akamgeukia baba yake akasema, na safari hii Kiholanzi hakikuwa kifupi. Kiliendelea na kuendelea, na katikati yake nilisikia sauti yake inakatika, nikajua amefika kwenye fungu lake mwenyewe. Mzee alisikiliza ameinamisha kichwa. Nilijaribu kusoma uso wake nikashindwa, kama nilivyozishindwa nyayo zake. Sikujua kama atanitukana, au atanicheka, au atasema nimrudishe mjini nisimguse tena.

Halafu akainua macho. Tulikuwa hatua mbili tu, angeweza kunigusa.

"Odilia," akaita.

Ng'ambo, Eligio akasimama akavua kofia ambayo hakuwa ameivaa vizuri. Baba yangu, na baba wa baba yangu, wote walisimama kooni mwangu.

"Odilia," akaita tena, taratibu, kama mtu anayegonga mlango bila uhakika kama wenyeji wamo.

"Abee," nikasema. "Abee, mzee. Nimekusikia."